Cécile Decugis na Kazi ya Mkasi

Sanaa ya sinema hufanywa na watu wengi, lakini sifa yake hugawiwa wachache. Mchezaji hujulikana kwa uso wake, na mwongozaji kwa jina lake. Bali mhariri, ambaye huamua kipi kibaki na kipi kitupwe, hukumbukwa na wenziwe wa kazi tu. Katika Ufaransa ya katikati ya karne ya 20 kazi hii ilifanywa kwa sehemu kubwa na wanawake, na mmoja wao alikuwa Cécile Decugis.

Kazi yenyewe wakati huo ilikuwa ya mikono. Sekunde moja ya filamu ilikuwa na picha 24, na mhariri aliukata utepe mahali alipopachagua, kisha akaunganisha ncha mbili kwa gundi. Picha chache zikizidi, mwendo ulilegea. Zikipungua, maana ilipotea.

Mwaka 1957 Decugis alihariri filamu fupi ya François Truffaut, *Les Mistons*. Mwaka huo huo alitengeneza filamu yake mwenyewe juu ya wakimbizi wa Aljeria waliokuwa Tunisia. Vita vya Aljeria vilikuwa vimeanza mwaka 1954, na Mfaransa aliyegeuza kamera yake upande wa wakimbizi alikuwa ameshachagua upande wake.

Mwaka 1959 alipewa filamu ya kwanza ndefu ya Jean-Luc Godard, *À bout de souffle*. Mkusanyo wa kwanza ulizidi sana urefu uliotakiwa, nao ni kama dakika 90. Desturi ilikuwa kuondoa masimulizi mazima. Hapa, badala yake, ukatwaji ulifanywa ndani ya picha zenyewe. Jean Seberg ameketi garini, kisogo chake kikitukabili, na barabara nyuma yake inaruka kutoka mahali hata mahali pasipo kiungo. Kosa ambalo mwanafunzi wa uhariri angekemewa kwalo likawa lugha mpya. Wazo lilikuwa la mwongozaji. Lakini kujua ni picha ipi iwe ya mwisho kabla ya mruko, na ipi iwe ya kwanza baada yake, ni elimu ya mhariri.

Filamu hiyo ilianza kuonyeshwa Paris Machi 1960. Mwaka huo huo Decugis alikamatwa kwa kukodi nyumba kwa ajili ya wapiganaji wa FLN, chama cha ukombozi wa Aljeria. Alihukumiwa kifungo cha miaka mitano, akakaa gerezani miaka miwili. Hivyo, wakati kazi ya mikono yake ilipokuwa ikijadiliwa na wapenzi wa sinema wa nchi nyingi, mwenyewe alikuwa nyuma ya makomeo. Aljeria ilipata uhuru Julai 1962.

Aliporudi kazini hakurudia mruko uliomtangulia kwa umaarufu. Katika filamu za Éric Rohmer, kama vile *Ma nuit chez Maud* ya 1969, *Le Genou de Claire* ya 1970 na *Pauline à la plage* ya 1983, watu huzungumza kwa muda mrefu, na mhariri hana budi kuvumilia. Hapo swali si wapi pa kuruka, bali lini kumwacha msemaji na kumtazama anayesikiliza. Aliyekata kwa ukali sasa alikata kwa staha, hata mtazamaji asijue kwamba mkasi umepita.

Wako wasemao kwamba mhariri hana mtindo wake, kwa kuwa hutumikia mtindo wa mwingine. Maisha ya Decugis, aliyefariki mwaka 2017, yanaipunguza nguvu hoja hiyo. Kuweza kutumikia mitindo miwili inayopingana, na kila mmoja ukafikia ukamilifu wake, ni ustadi wenye mwenyewe. Na mtu huyo huyo, aliyekubali jina lake liwe dogo katika kazi ya wengine, hakukubali dhamiri yake iwe ndogo katika mambo ya taifa lake. Kwa la kwanza alilipwa ujira. Kwa la pili alilipa miaka miwili ya uhai wake.