Kurosawa alimfasiri Shakespeare bila kuazima maneno yake

MIAKA mingi iliyopita, nilimnyima mwanafunzi wangu alama. Kosa lake? Katika tafsiri yake ya Macbeth, wachawi watatu walikuwa mganga mmoja. Nikamwambia amepotoka.

Laiti ningalikuwa nimeitazama Kumonosu-jō, filamu ya Akira Kurosawa ya 1957! Mjapani huyo aliihamishia Macbeth katika Japani ya enzi za samurai, wachawi watatu wakawa pepo mmoja anayesokota uzi. Ushairi wa Shakespeare aliuacha kando, akaweka kimya na miondoko ya Noh, sanaa ya jukwaani ya jadi ya kwao. Mwaka uo huo akatoa Donzoko, kutokana na tamthilia ya Mrusi Maxim Gorky. Mnamo 1985, akiwa na umri wa miaka 75, alimrudia Shakespeare kupitia Ran. Mabinti watatu wa King Lear wakawa wana wa kiume.

Mwalimu Nyerere, katika tafsiri yake ya Julius Caesar iliyochapishwa 1963, aliyafuata maneno. Kurosawa alifuata kisa. Wote walifasiri.

Mwanafunzi wangu, popote ulipo, bado unanidai alama zako.