Mtu wa Kwanza na Miaka Kumi na Sita

Wasomaji wenzangu, nianze kwa kukiri. Barafu mimi naijua ile ya wauza samaki pale Feri, na zile za ukwaju tulizokuwa tukinunua shuleni wakati wa mapumziko. Uwanja mzima wa barafu, watu wazima wakiteleza juu yake kwa viatu vyenye visu chini, sijawahi kuuona kwa macho yangu. Sasa utaniuliza: kijana wa Dar, aliyeishia kidato cha nne, ana habari gani na hoki ya barafuni? Subiri kidogo, ndugu yangu. Habari ninayo, na imeniharibia riwaya.

Riwaya yenyewe naiandika mwaka wa tatu huu. Ni ya kijana anayepigania kuingia mahali ambapo watu wa aina yake hawajawahi kuingizwa. Sura ya mwisho anaingia, milango inafunguka, wenzake wanamfuata nyuma, mwisho wa hadithi. Mchapishaji aliurudisha mswada na kaandiko kafupi: mwisho wake hauaminiki. Niliudhika sana. Nikasema huyu hajui kitu. Ndipo jioni moja, kwenye simu ya mshikaji wangu, nikakutana na historia ya Willie O'Ree.

Huyu bwana alizaliwa tarehe 15 Oktoba 1935 katika mji wa Fredericton, mashariki ya Kanada, kitinda mimba katika familia ya watoto 13. Huko majira ya baridi maji yanaganda yenyewe, na mtoto anajifunza kuteleza kama sisi tunavyojifunza kuogelea Kigamboni. Mchezo wenyewe ni wa magongo: watu sita kila upande, kipa akiwemo, wanagombania kisahani cheusi cha mpira mgumu ambacho kikipigwa sawasawa hupita kilomita 100 kwa saa. Kikikukuta usoni, utasimulia.

Na Willie kilimkuta. Ilikuwa msimu wa 1955–56, akichezea timu ya vijana kule Ontario. Kisahani kiligonga gongo la mtu, kikageuka njia, kikamwingia jicho la kulia. Daktari alimwambia wazi kwamba jicho limekufa kwa asilimia 95 na mchezo umekwisha. Umri wake, miaka ishirini! Baada ya majuma machache tu alikuwa amerudi barafuni. Siri ile alimwambia dada yake peke yake, akamwapisha asiitoe. Wazazi hawakujua. Makocha hawakujua. Sheria ya ligi kuu ya Amerika Kaskazini, yaani NHL, ilikataza mtu mwenye jicho bovu kiasi kile kucheza. Angefungua mdomo, basi, kwaheri.

Hapa lazima nieleze jambo, maana bila hili hutaielewa kazi aliyoifanya. Willie alikuwa winga wa kushoto, sisi tungesema namba kumi na moja. Ukicheza kushoto, uwanja wote uko kuliani kwako. Pasi zinatoka kulia, adui anakuja kutoka kulia. Yaani kila kitu kilimjia kwa upande wa jicho lililokufa. Ilimbidi azungushe shingo nzima ili aone kwa jicho la kushoto, huku mbio ni zile zile na watu wanamgonga kwa mabega.

Mwaka 1956 alijaribu mchezo mwingine, besiboli. Timu ya Milwaukee ilimwita kwenye majaribio jimboni Georgia, kusini mwa Marekani, ambako ubaguzi wa rangi ulikuwa sheria. Hakuchukuliwa. Alirudi kwao kwa basi, akianza safari kwenye viti vya nyuma vya watu weusi, na kadiri basi lilivyopanda kaskazini ndivyo naye alivyosogea mbele. Alipofika nyumbani alikuwa ameamua: ni hoki tu.

Tarehe 18 Januari 1958, mjini Montreal, timu ya Boston Bruins ilikuwa na upungufu wa wachezaji ikamwita. Akavaa jezi, akaingia, Boston ikashinda 3–0 nyumbani kwa Montreal. Alikuwa mtu mweusi wa kwanza kucheza NHL. Magazeti ya siku ile hayakupiga kelele. Alicheza mechi mbili tu, akarudishwa ligi za chini.

Riwaya yangu ingekomea hapo! Kijana kaingia, mlango umefunguka, pazia. Lakini tuendelee kuhesabu.

Boston ilimwita tena msimu wa 1960–61. Tarehe 1 Januari 1961 alifunga bao lake la kwanza, dhidi ya Montreal wale wale. Jumla ya msimu ule ni mechi 43, mabao 4, na pasi 10 zilizozaa mabao. Matusi ya rangi aliyasikia kwenye viwanja vingi. Chicago mchezaji mmoja alimpiga kwa mpini wa gongo mdomoni, meno mawili yakang'oka na pua ikavunjika. Naye akamrudishia gongo la kichwa, uwanja ukachafuka. Msimu ulipoisha aliamini atarudi Boston. Majira ya joto yale akauzwa Montreal, na Montreal nao wakampeleka ligi ya chini, akaishia Los Angeles. NHL hakuikanyaga tena kama mchezaji. Mechi 45 maisha mazima.

Na aliyemfuata? Hapa ndipo niliiweka simu chini. Mtu mweusi wa pili NHL, Mike Marson, alianza kucheza timu ya Washington mwaka 1974. Miaka 16 baadaye! Mtoto aliyezaliwa usiku ule wa Montreal alikuwa ameshaota ndevu.

Mtu atasema labda weusi wenyewe hawakuwa wakiucheza. La hasha! Mwaka 1895 kule Nova Scotia watu weusi walishaanzisha ligi yao wenyewe ya hoki. Na kabla ya Willie alikuwepo Herb Carnegie, aliyechaguliwa mchezaji bora wa ligi yake kule Quebec mara tatu mfululizo. Mwaka 1948 timu ya New York ilimfanyia majaribio, ikamwahidi ligi ya chini kwa mshahara mdogo kuliko aliokuwa nao. Akakataa. Hadi mwaka 1967 NHL ilikuwa na timu sita tu, nafasi mia moja na ushei, na wenye kugawa nafasi walikuwa wachache wanaojuana. Katika hesabu hiyo, kumwingiza mtu mmoja hakukumlazimisha yeyote amwingize wa pili.

Basi Willie alifanya nini? Alicheza. Los Angeles hadi 1967, kisha San Diego, katika ligi ambayo watu wa Boston na Montreal hawakuwa na habari nayo. Kocha wake alimhamishia winga ya kulia, bila kujua kwamba anamtibu jicho: sasa uwanja ukawa upande wa jicho zima. Msimu wa 1964–65 alifunga mabao 38. Msimu wa 1968–69 mabao 38 tena, akiwa na miaka 33. Aliacha mwaka 1979, ana miaka 43. Zaidi ya miaka 20 ya kulipwa kwa kucheza, na siri ya jicho ndani ya kifua.

Heshima zilikuja, ila zilikuja zikitembea. Ukumbi wa watukufu wa hoki ulimwingiza mwaka 2018, miaka 60 tangu mechi ya kwanza. Jezi yake namba 22 Boston waliipandisha darini tarehe 18 Januari 2022. Yeye angalau aliyaona hayo akiwa hai. Herb Carnegie alifariki mwaka 2012; ukumbi ule ukamkumbuka mwaka 2022.

Nimekaa na habari hii wiki kadhaa. Sisi vijana tunaopenda kuandika tuna ugonjwa wa "wa kwanza". Wa kwanza kuingia, wa kwanza kushinda, wa kwanza kuchapishwa. Tukishampata tunamfungia kitabu, tunapiga makofi, tunasahau kuuliza wa pili alikuja lini, na huyo wa kwanza asubuhi iliyofuata alikwenda kazini wapi. Willie asubuhi zake nyingi alikwenda kazini kwenye viwanja vidogo, na huko ndiko alikofunga mabao yake mengi.

Mswada wangu nimeufungua tena. Sura ya mwisho nimeichana, maana mchapishaji alisema kweli, ingawa kumwambia hivyo bado naona haya. Kijana wangu sasa anaingia katikati ya kitabu. Anatolewa. Nyuma yake hakuna mtu. Sijui bado nitamfanyia nini katika kurasa 100 zilizobaki, lakini nimempa kazi ya kwenda kila asubuhi, na jana usiku niliandika kurasa nne.