Kesi Mbili za Kinywaji Kiondoacho Usingizi

Usiku mmoja wa mwezi wa Juni, mwaka wa 1511, ofisa mmoja aitwaye Khair Beg alikuwa katika Msikiti Mtukufu wa Makka. Aliwekwa na Sultani wa Misri kusimamia masoko ya mji ule na mwenendo wa watu wake. Pembeni mwa msikiti aliona kundi la watu wenye taa, wakipokezana kikombe. Walipomwona akija, walizizima taa zao. Jambo hilo lilimtia shaka, maana asiye na la kuficha hana haja ya giza. Alipouliza wanywacho ni nini, aliambiwa ni kahawa, kinywaji kilichotoka Yemen, nacho kimeenea mjini hata kinauzwa katika nyumba zifananazo na vilabu vya mvinyo.

Kulipokucha aliita baraza la wanazuoni. Chungu kikubwa cha kahawa kikaletwa mbele yao, kikawekwa katikati kama mshitakiwa aliyesimamishwa kizimbani. Wanazuoni hawakuwa wapumbavu, na neno walilolitoa kwanza lastahili kukumbukwa. Walisema kwamba mikutano ya upuuzi haifai, lakini mmea wenyewe ni halali kama mimea mingine, mpaka ithibitike kuwa wadhuru mwili au akili ya mnywaji. Juu ya jambo hilo, wakasema, na waulizwe waganga.

Waganga wawili, ndugu wa tumbo moja, wakatoa ushahidi. Elimu ya tiba ya siku zile iligawanya kila kitu kuwa cha moto au cha baridi, cha majimaji au kikavu. Wale ndugu walisema kahawa ni baridi na kavu, kwa hiyo yaharibu mwili. Wengine wakainuka kushuhudia kwamba waliinywa wakaona akili zao zimegeuka. Yasimuliwa kuwa mmoja wao alisema kahawa yalevya sawasawa na mvinyo. Watu wakacheka, kwani ajuaye kuilinganisha na mvinyo lazima awe ameuonja, na yule maskini alipokiri aliadhibiwa kwa viboko. Kahawa ikapigwa marufuku, na buni zikachomwa moto hadharani. Lakini jawabu lililotoka Kairo halikumpendeza Khair Beg: Sultani alikataza mikusanyiko miovu, hakukikataza kinywaji. Mwaka uliofuata Khair Beg aliondolewa kazini, na watu wakaendelea kunywa.

Basi, swali la baraza lile lilikuwa jema kabisa: kinywaji hiki chafanya nini katika mwili na akili ya binadamu? Ila njia ya kulijibu haikuwako. Mashahidi walikuwa ni watu waliojua wanywacho, na kila mmoja aliona ndani ya kikombe kile alichokuja amekitazamia.

Wale waliokipenda nao walikuwa na ushahidi wao. Katika karne ya 15 masufi wa Yemen walikuwa wakikesha usiku kucha katika dhikiri, nao waligundua kwamba kahawa huondoa usingizi na kuuchangamsha moyo. Huko Kairo, masufi wa Kiyemeni waliokuwa wakikutana karibu na Azhar waliinywa katika usiku wa kuamkia Jumatatu na Ijumaa, kiongozi wao akiwachotea kwa zamu kutoka chungu cha udongo mwekundu. Hao hawakuitafuta ladha. Waliitafuta saa ya tisa ya usiku, saa ambayo ibada huwa tamu na kope huwa nzito. Kwa maneno mengine, kahawa ilianza safari yake duniani kama chombo cha kazi.

Safari hiyo siitaji yote. Sisi wa Afrika ya Mashariki tunayo sehemu yetu: mwambaoni muuza kahawa na dele lake, na kashata kando, kule Bukoba, Wahaya na desturi yao ya kumpa mgeni buni zilizochemshwa kwa majani azitafune, na huku Kenya, mibuni iliyopandwa na wamisionari wa Kifaransa huko Bura, katika nchi ya Wataita, mwaka wa 1893. Ajabu ni kwamba Kenya hulima kahawa iliyo bora lakini yenyewe hunywa chai. Hata hivyo, kama tutakavyoona, hilo halibadili sana shauri letu.

Nguvu iliyofichika ndani ya buni ilipatikana Ujerumani. Mwaka wa 1819 mshairi Goethe, aliyekuwa na umri wa miaka 70, alimwita kijana mwanakemia aitwaye Friedlieb Ferdinand Runge, amwonyeshe jinsi utomvu wa mmea mmoja wa sumu unavyoipanua mboni ya jicho la paka. Mzee alifurahi, na wakati wa kuagana akampa kijana kikasha cha buni, akamwambia azichunguze. Muda mfupi baadaye Runge alitoa katika buni zile chembe nyeupe, chungu, zisizo na harufu. Ndiyo kafeini. Mwaka wa 1838 ikathibitika kuwa kitu kilichomo katika chai ni kile kile. Kikombe cha kahawa huwa na kafeini ya kadiri ya miligramu 100, pengine zaidi pengine pungufu, na kikombe cha chai huwa na nusu ya hiyo hivi.

Sasa wataalamu walikuwa na kitu kinachoweza kupimwa kwa mizani. Lakini ugumu wa Makka ulikuwa bado upo, maana mtu akijua kwamba amepewa dawa ya nguvu, ataona nguvu. Aliyeutambua ugumu huu mapema alikuwa W. H. R. Rivers wa Cambridge. Mwaka wa 1907, yeye na mwenzake Webber walichapisha majaribio juu ya kafeini na kazi ya misuli. Mtu alifungwa mkono kwenye chombo, akawa anainua uzito kwa kidole kimoja mara nyingi mpaka kidole kishindwe, na chombo kikaandika kila mnyanyuo. Siku nyingine alikunywa kafeini, na siku nyingine kinywaji kilichotengenezwa kifanane nayo ladha, wala hakuambiwa ni kipi. Hata baada ya hadhari hiyo yote kafeini ilionekana kuongeza kazi ya misuli. Mimi nauona uficho ule kuwa uvumbuzi mkubwa kuliko matokeo yenyewe, kwa kuwa mnywaji hakuweza tena kuwa shahidi wa matumaini yake.

Tufike sasa kwenye kesi ya pili, iliyosikilizwa miaka 400 kamili baada ya ile ya kwanza. Mwaka wa 1909 Serikali ya Marekani ilikamata shehena ya maji matamu ya kutengenezea Coca-Cola karibu na mji wa Chattanooga, katika jimbo la Tennessee, kwa kutumia sheria ya vyakula na dawa ya mwaka 1906. Shitaka lilikuwa kwamba kafeini iliyotiwa humo yadhuru afya. Kwa desturi ya sheria ya nchi ile, mshitakiwa hakuwa mtu wala kampuni. Kesi iliandikwa kwa jina la mapipa 40 makubwa na 20 madogo. Kama chungu cha Makka, chombo ndicho kilichofikishwa mbele ya hakimu.

Kesi ilianza mwezi wa Machi, 1911. Kampuni iligundua kwamba juu ya wanyama kulikuwa na maandishi mengi, lakini juu ya akili ya binadamu kulikuwa na machache mno. Ikamwajiri Harry Hollingworth, mwalimu kijana wa saikolojia katika chuo cha Barnard, New York. Wenzake wengine walikuwa wamekataa, kwa kuogopa kwamba fedha ya kampuni itayatia doa majina yao. Hollingworth hakuwa na mali, naye alikubali. Ila aliweka masharti kwamba atayachapisha matokeo yawe mema au mabaya, na kwamba jina lake lisitumiwe katika matangazo ya biashara. Mwanafunzi asomaye habari hizi na ayapime masharti hayo, maana hata leo uchunguzi mwingi hulipiwa na wenye faida nao.

Nyumba ya vyumba sita ikakodiwa Manhattan. Watu 16, waume kwa wake, wakapimwa humo kwa siku 40, na msimamizi wa kazi ya kila siku alikuwa mkewe Hollingworth, Leta, ambaye baadaye alipata sifa kubwa katika elimu hiyo hiyo. Watu walipewa vidonge. Vingine vilikuwa na kafeini, kuanzia miligramu 65 hadi 390, na vingine vilikuwa na sukari ya maziwa tu. Mnywaji hakujua kipi ni kipi, wala aliyesimama mbele yake akimpima hakujua. Walihesabu, walitaja majina ya rangi na maneno ya kinyume kwa haraka, waligonga ncha ya chuma mbiombio, walipiga taipu. Tena walishika kijiti cha chuma ndani ya tundu jembamba bila kukigusisha pembeni, ili ionekane kama mkono watetemeka.

Matokeo hayakuwa ya kumfurahisha mpenzi wala adui wa kahawa. Katika kazi za akili kafeini iliongeza wepesi, na haukuonekana mporomoko wa ghafula baada yake. Katika kupiga taipu, kiasi kidogo kiliongeza mwendo, bali kiasi kikubwa kiliupunguza. Mkono nao ulitetemeka, kidogo kwa kiasi kidogo, na waziwazi kwa kile cha miligramu 390. Usingizi wa wengi haukuharibika ila kwa viwango vikubwa, lakini watu walitofautiana sana. Hivyo kitu kile kile kilimsaidia mtu katika kazi moja na kumpunguzia ustadi katika nyingine, kwa kutegemea kipimo, na aina ya kazi, na mwili wa mtu.

Bahati mbaya hakimu hakuyahitaji haya yote. Aliifunga kesi kwa hoja ya maneno ya sheria: kafeini, alisema, ni sehemu ya asili ya kinywaji kile, si kitu kilichoongezwa. Mahakama Kuu ya Marekani ikaupindua uamuzi huo mwaka wa 1916, na mwaka uliofuata kampuni ikapatana na Serikali na kupunguza kafeini kwa nusu. Sheria ilikwenda njia yake. Elimu nayo ilibaki na kitabu cha Hollingworth, kilichotoka mwaka wa 1912.

Waliofuata walijenga juu ya msingi ule. Mwaka wa 1978, huko Marekani, David Costill na wenzake waliwapandisha waendesha baiskeli wa mashindano tisa juu ya baiskeli za maabara, wapige pedali mpaka wachoke kabisa. Waliokunywa kahawa isiyo na kafeini walidumu kwa dakika 75 hivi. Walipokunywa yenye kafeini walidumu dakika 90. Haishangazi kwamba wakuu wa michezo ya Olimpiki waliwahi kuiwekea kafeini kiwango, na mwanamichezo aliyekipita alihesabiwa kuwa ametumia dawa. Kiwango hicho kiliondolewa mwanzoni mwa mwaka 2004.

Lakini nguvu hizo zatoka wapi? Hapa ndipo wengi wanapokosea. Kafeini si chakula, wala haina nguvu hata chembe ya kuupa mwili. Ubongo uwapo macho na kazini, hukusanyika ndani yake kitu kiitwacho adenosini, nacho ni mjumbe wa uchovu. Mjumbe huyu ana viti vyake katika chembechembe za ubongo, na akikaa hapo, mtu husinzia. Kafeini yafanana naye kwa umbo, hata huweza kumtangulia kitini. Huketi kimya bila kusema lolote, na mjumbe wa kweli hubaki amesimama mlangoni na habari yake mkononi. Uchovu haukuondoka, umekosa pa kuketi. Kafeini ikiondoka, wajumbe wote waliokuwa wakingoja huingia pamoja. Tena kwa mtu azoeaye kunywa kila siku, ubongo huongeza viti, ndiyo maana akiikosa kahawa yake asubuhi kichwa humuuma, na kikombe anachokisifu mara nyingi humrudisha pale alipokuwapo jirani yake asiyekunywa kabisa.

Neno hili lawahusu sana wanafunzi nyakati za mitihani, maana wengi hukesha kama masufi wa Yemen, ingawa shabaha ni nyingine. Sufi alitaka kuwa macho usiku ule, basi. Mwanafunzi anataka kukumbuka kesho. Mwaka wa 1924, Jenkins na Dallenbach wa chuo kikuu cha Cornell waliwafundisha vijana wawili silabi zisizo na maana, wakaona kwamba waliolala baada ya kujifunza walikumbuka nyingi kuliko walipokaa macho kwa saa hizo hizo. Uchunguzi uliofuata umeonyesha kwamba usingizi huyaimarisha yale yaliyosomwa mchana. Nayo kafeini haitoki mwilini upesi: kwa watu wengi nusu yake huwa bado imo katika damu baada ya saa tano hivi. Kikombe cha saa tatu za usiku chaendelea kufanya kazi saa nane, hali kitabu kimekwisha fungwa zamani.

Mwaka wa 2013, Christopher Drake na wenzake huko Marekani walitangaza jaribio ambalo watu walipewa miligramu 400 saa sita kabla ya kulala, au kidonge kisicho na kitu. Chombo kilichopima usingizi wao kilionyesha kwamba waliomeza kafeini walipoteza zaidi ya saa moja ya usingizi. Wenyewe walipoulizwa asubuhi juu ya usiku wao, hawakujua kuwa wamepungukiwa.