Wajibu wa Kisheria wa Kuwapatia Wakazi Maji ya Kunywa: Mbarara na Nakivale tangu 1960

Sheria ya Serikali za Mitaa ya Uganda ya mwaka 1997 inaorodhesha, katika Jedwali lake la Pili, utoaji na utunzaji wa maji miongoni mwa majukumu ya halmashauri za wilaya. Hata hivyo, katika makazi ya wakimbizi ya Nakivale, huduma hiyo kwa muda mrefu haikutolewa na halmashauri. Makala haya yanadai kwamba chanzo cha pengo hilo ni historia ya utawala kuliko ukimya wa sheria.

Nakivale ilianza kupokea Wanyarwanda mwishoni mwa miaka ya 1950, ikatambuliwa rasmi mwaka 1960. Mwaka huohuo ilitungwa Sheria ya Kudhibiti Wakimbizi Wageni. Kama jina lake lilivyoashiria, shabaha ilikuwa udhibiti: makazi yaliwekwa chini ya kamanda aliyewajibika kwa serikali kuu. Tangu hapo mkazi wa Nakivale aliishi ndani ya mipaka ya wilaya lakini nje ya baraza lake.

Mji wa Mbarara ulifuata njia nyingine. Shirika la Kitaifa la Maji na Majitaka, lililoundwa mwaka 1972, hatimaye lilikabidhiwa huduma ya mji huo. Maji ya Mto Rwizi husafishwa, hupimwa kwa mita na kulipiwa ankara. Yakikatika, mteja anajua ofisi ya kuiendea. Nakivale, ambayo tangu 2005 imo katika Wilaya ya Isingiro iliyomegwa kutoka Mbarara, ilitegemea maji ya Ziwa Nakivale, yaliyosafishwa kwa mitambo ya fedha za wahisani chini ya usimamizi wa mashirika ya misaada. Kipimo kilichotumika ni lita 20 kwa mtu kwa siku. Kipimo hicho hupima utendaji wa shirika; hakimpi mkazi diwani wa kumwuliza.

Katiba ya mwaka 1995, katika Lengo la XIV, inataja maji safi na salama kama haki ya Waganda wote. Mkimbizi hatajwi hapo. Jedwali la mwaka 1997, kwa upande wake, linagawa majukumu kwa eneo, si kwa uraia. Usomaji huu wa pili ndio unaoiweka Nakivale mikononi mwa Isingiro.

Sera zilizofuata mwaka 2017 zilianza kuwajumuisha wakimbizi katika mipango ya wizara. Lakini wajibu usioandamana na fedha huwa mzigo tu. Misaada ilipopungua mwaka 2025, udhaifu wa mpango wa zamani ulidhihirika. Kwa hiyo makabidhiano ya mitambo yanapaswa kutanguliwa na mambo mawili: ruzuku ya maji inayokokotolewa kwa wakazi wote, raia na wakimbizi, na ofisi moja inayotambulika kisheria ambako mkazi yeyote atapeleka ndoo yake tupu na malalamiko yake.