Ziara ya Mji Mkongwe: Makao makuu ya kale yanayosomwa kwa miguu

MKAZI wa Mombasa, Malindi au Lamu anayezuru Unguja kwa mara ya kwanza huenda akadhani kuwa yuko ugenini. Kihistoria, mgeni huyo amefika katika mji uliowahi kuwa makao makuu ya watawala wa pwani yake.

Kabla ya Waingereza kuanza kuusimamia ukanda wa maili kumi wa pwani ya Kenya kwa mkataba wa mwaka 1895, maliwali wa miji hiyo walikuwa wakipokea amri kutoka Unguja. Hata baada ya hapo, ukanda huo uliendelea kuhesabiwa kuwa milki ya Sultani wa Zanzibar, na bendera yake nyekundu ikapepea katika Ngome ya Yesu hadi Desemba 1963.

Makao makuu hayo ndiyo Mji Mkongwe, ambao UNESCO iliuingiza katika orodha ya Urithi wa Dunia mwaka 2000. Ni eneo dogo, lakini vichochoro vyake huwapoteza hata watu waliowahi kuvipita. Ndiyo maana wageni wengi huutembelea wakiongozwa.

Ziara ya aina hiyo kwa kawaida huchukua saa mbili hadi tatu, na yote hufanywa kwa miguu. Thamani yake hutegemea sana anayeongoza, maana katika mji huu historia na hekaya hukaa nyumba moja.

Kumpata mwongozaji

Kazi ya kuongoza watalii Zanzibar huhitaji leseni, na anayeifanya kihalali hubeba kitambulisho. Bandarini na mitaani mgeni hukutana pia na vijana wanaojitolea kumwongoza bila kibali. Wenyeji huwaita papasi, jina la kupe.

Ni vyema bei ikubaliwe kabla ya hatua ya kwanza kupigwa, na mgeni aulize iwapo viingilio vya majumba ya makumbusho vimejumuishwa. Aidha, aulize mapema ni majengo gani yaliyo wazi, kwa kuwa ukarabati hufunga milango mara kwa mara.

Mgeni anayezungumza Kiswahili ana bahati ya ziada. Anaweza kuongozwa kwa lugha hiyo, tena akawasikiliza wazee walioketi barazani bila kuhitaji mkalimani. Ikumbukwe kwamba lahaja ya mji huu, Kiunguja, ndiyo iliyochaguliwa mwaka 1928, katika mkutano uliofanyika Mombasa, kuwa msingi wa Kiswahili sanifu.

Ngome na kasri

Ziara nyingi huanzia Forodhani, bustani iliyo ufukweni mbele ya Ngome Kongwe. Ngome hiyo ilijengwa na Waomani baada ya kuwafukuza Wareno, ambao nguvu zao kaskazini mwa Msumbiji zilivunjika Ngome ya Yesu ilipotekwa mwaka 1698. Waomani waliijenga mahali palipokuwa na kanisa la Wareno. Siku hizi ua wake hutumiwa kwa maonyesho ya sanaa na muziki.

Kilichoufanya mji huu kuwa makao makuu ni uamuzi wa Seyyid Said bin Sultan, mtawala wa Oman, aliyehamishia baraza lake Unguja kutoka Muscat kufikia mwaka 1840. Alivutiwa na bandari nzuri, maji matamu na ardhi iliyokubali karafuu. Biashara ya pembe za ndovu na ya watumwa kutoka bara ilipitia hapa, na mashamba ya karafuu yakalimwa kwa jasho la watumwa hao.

Seyyid Said alifariki baharini mwaka 1856. Mwaka 1861 himaya yake iligawanywa rasmi, Oman ikaenda kwa mwana mmoja na Zanzibar kwa mwingine.

Kando ya ngome ndipo ilipo Beit al-Ajaib, yaani Jumba la Maajabu, lililojengwa mwaka 1883 katika enzi za Sultani Barghash bin Said. Lilikuwa jengo la kwanza mjini kuwekewa taa za umeme, na baadaye likapata lifti. Baraza zake pana zilizoshikiliwa na nguzo za chuma zilitazama bahari, nazo meli zilizokuja ziliuona mnara wake wa saa kutoka mbali.

Hapo ndipo waongozaji husimulia kuhusu vita vinavyotajwa kuwa vifupi kuliko vyote duniani. Sultani Hamad bin Thuwaini alipofariki mnamo Agosti 25, 1896, Khalid bin Barghash alijitangaza mtawala bila ridhaa ya Waingereza, ambao walikuwa wameifanya Zanzibar himaya chini ya ulinzi wao tangu mwaka 1890.

Asubuhi ya Agosti 27, manowari za Uingereza zilianza kuishambulia kasri. Mapigano hayakufika saa moja. Khalid alikimbilia ubalozi wa Ujerumani, kisha akapelekwa Dar es Salaam, naye Hamoud bin Mohammed akatawazwa.

Simulizi hiyo huwachekesha watalii kwa ufupi wake. Hata hivyo, mwongozaji mwadilifu huongeza kwamba katika muda huo mfupi takriban watu 500 wa upande wa Khalid waliuawa au kujeruhiwa, hali upande wa Waingereza alijeruhiwa baharia mmoja.

Hatua chache mbele iko kasri ya ufukweni, Beit al-Sahel, iliyofanywa makumbusho ya masultani. Humo hukumbukwa pia Binti Salme, aliyezaliwa mwaka 1844 kwa Seyyid Said. Salme alijifunza kuandika kwa siri, akatoroka mwaka 1866, akaolewa na mfanyabiashara Mjerumani, na mwaka 1886 akachapisha kumbukumbu za maisha yake kwa Kijerumani akitumia jina la Emily Ruete.

Vichochoro na milango

Kutoka ufukweni ziara huingia vichochoroni. Nyumba zilijengwa kwa mawe ya matumbawe, chokaa na boriti za mikoko. Kwa kuwa boriti hazikuwa ndefu, vyumba vilikuwa vyembamba na virefu. Anayeijua Lamu atautambua ujenzi huo bila kuambiwa.

Mbele ya nyumba nyingi kuna baraza za mawe zilizoshikamana na ukuta. Hapo watu hupiga gumzo, hunywa kahawa na kucheza bao, na wakati wa masika hupita juu yake maji yanapojaa njiani.

Kivutio kikubwa zaidi ni milango ya mbao iliyotiwa nakshi. Kwa kawaida mlango wa mtindo wa Kiarabu huwa na kizingiti cha juu kilichonyooka, nao wa mtindo wa Kihindi huwa na upinde. Wengi huelezwa kuwa misumari ya shaba iliyochongoka ilibuniwa India ili kuwazuia ndovu wa vita. Unguja haina ndovu wa kuzuiwa. Hapa misumari hiyo ilikuwa pambo na ishara ya ukwasi.

Katika mtaa wa Shangani huoneshwa nyumba ya Hamed bin Muhammed el-Murjebi, maarufu kwa jina la Tippu Tip, mfanyabiashara wa pembe na watumwa aliyefika ndani kabisa ya Kongo. Alifariki mjini humu mwaka 1905 akiwa ameacha tawasifu aliyoiandika kwa Kiswahili. Msomaji wa lugha hii hana budi kukubali kwamba mojawapo ya maandishi ya awali ya nathari katika lugha yake yalitoka katika mkono huo.

Mkunazini, palipokuwa soko

Sehemu nzito zaidi ya ziara ni Mkunazini, karibu na soko la Darajani. Hapo palikuwa na soko la watumwa, lililofungwa baada ya Sultani Barghash kukubali mkataba wa Juni 1873 chini ya shinikizo la Waingereza walioongozwa na Bartle Frere.

Mkataba huo una alama yake nchini Kenya. Kijiji cha Freretown kilichoanzishwa Mombasa miaka hiyo kwa ajili ya watumwa waliookolewa baharini kilipewa jina la mjumbe huyo.

Wamisheni wa Kianglikana walianza kujenga kanisa mahali pa soko siku ya Krismasi ya mwaka huo huo. Ujenzi ulisimamiwa na Askofu Edward Steere, mtaalamu wa Kiswahili, ambaye alifariki mwaka 1882 na kuzikwa ndani ya kanisa hilo. Inaelezwa kwamba altare imesimama palipokuwa na mti wa kufungia watumwa waliochapwa. Nje, katika shimo, kuna sanamu za watumwa zilizovishwa minyororo shingoni, kazi ya msanii Clara Sörnäs wa Sweden ya mwaka 1998.

Karibu na hapo wageni huteremshwa katika vyumba viwili vya chini ya ardhi, vyenye dari fupi na giza. Huambiwa kuwa watumwa walirundikwa humo wakisubiri mnada. Wengi hutoka wakibubujikwa na machozi.

Hata hivyo, wako wanahistoria waliolipinga dai hilo. Wanaeleza kwamba jengo lililo juu ya vyumba hivyo lilijengwa na wamisheni baada ya soko kufungwa, kwa shughuli za hospitali yao, na kwa hivyo halingeweza kuwa ghala la watumwa.

Hapo ndipo ubora wa mwongozaji hupimwa. Anayetafuta bahashishi pekee hawezi kuligusa jambo hilo, maana chumba cha kutisha humfaa zaidi kuliko mashaka. Anayeiheshimu kazi yake humweleza mgeni pande zote mbili, kisha humkumbusha yale yasiyo na shaka: kwamba soko lilikuwapo, kwamba maelfu ya watu waliuzwa humo, na kwamba utumwa haukuisha siku soko lilipofungwa. Sheria ya kuufuta hadhi yake Zanzibar ilipitishwa mwaka 1897, na katika pwani ya Kenya mwaka 1907.

Kusema kweli hakupunguzi uchungu wa waliouzwa. Kinyume chake, uongo ukigunduliwa katika jambo moja huwapa nafasi wale wanaotaka kuyakana yote.

Mji unaoanguka

Umuhimu wa simulizi sahihi umeongezeka kwa kuwa ushahidi wenyewe unatoweka. Nyumba za matumbawe huishi kwa kupakwa chokaa na kuzibwa nyufa. Maji ya mvua yakipenya, boriti huoza, dari huanguka na kuta hufuata.

Baada ya Mapinduzi ya Januari 12, 1964, yaliyomng'oa Sultani Jamshid bin Abdullah, nyumba nyingi zilitaifishwa na wenyewe wakaondoka. Familia zilizokosa makazi zikapewa vyumba, lakini fedha za matengenezo hazikutosha. Mamlaka ya kuuhifadhi mji iliundwa mwaka 1985, wakati majengo mengi yalikwisha kuharibika.

Pigo kubwa lilikuja Desemba 25, 2020. Sehemu ya mbele ya Beit al-Ajaib iliporomoka pamoja na mnara wake wa saa huku ukarabati ukiendelea, na watu wawili wakapoteza maisha. Jengo lililonusurika mizinga ya mwaka 1896 lilishindwa na maji, kutu na uzee.

Tangu siku hiyo mwongozaji analazimika kusimulia kwa maneno yale ambayo zamani aliyaonyesha kwa kidole.

Adabu za mgeni

Mji Mkongwe ni makazi ya watu, na wengi wao ni Waislamu. Mgeni avae nguo za heshima zinazofunika mabega na magoti, asipige picha ya mtu bila idhini yake, na asiingie msikitini bila ruhusa. Katika mwezi wa Ramadhani, asile wala kunywa hadharani mchana.

Wakati mwafaka ni asubuhi na mapema au alasiri, jua linapopungua ukali. Viatu viwe vya kutembelea, maana mawe huteleza. Atakayepotea hana haja ya kuhangaika: akiendelea kutembea atatokea baharini au Darajani, na njiani hatakosa mtu wa kumwelekeza.

Jioni, Forodhani hugeuka kuwa mkahawa wa wazi, wenye mishikaki, urojo na maji ya miwa yaliyokamuliwa papo hapo. Hapo ndipo ziara nyingi huishia, na mwongozaji akiwa ameketi bila haraka ya kwenda popote, huo ndio wakati mzuri wa kumuuliza swali ambalo halikuulizwa njiani: kati ya yote aliyoyasimulia, ni yapi yaliyoandikwa, na ni yapi aliyoyasikia tu kwa waliomtangulia?