Kitoweo cha Kilwa

Historia ya Kilwa Kisiwani imezoea kuandikwa kwa majina ya masultani. Mwanafunzi hukariri kwamba Ibn Battuta alifika mwaka 1331, kwamba dhahabu ya Sofala ilipitia hapo, na kwamba Wareno wa Francisco de Almeida waliuteka mji mwaka 1505. Hakuna mtahini niliyepata kumwona akiuliza watu hao walikula kitoweo gani.

Na kitoweo ndicho kilichotangulia. Neville Chittick, aliyechimba kisiwani miaka ya 1960, alikuta chini ya mji wa mawe mabaki ya makazi ya watu waliovua samaki na kuokota kombe. Ufalme ulikwisha. Kijiji cha wavuvi kingali pale, kando ya magofu ambayo UNESCO iliyaingiza katika Urithi wa Dunia mwaka 1981.

Wavuvi hawaendi kwa saa ya ukutani. Mwezi ukiandama, na tena ukiwa mpevu, ni siku za bamvua: maji hujaa sana, kisha hutoka mbali na kuuacha mwamba wazi. Hapo wanawake hushuka na fimbo zao kutafuta pweza mashimoni, nao wenye madema huenda kuyazindua. Baada ya juma moja hivi maji huwa mafu. Kila siku maji huchelewa kwa kadiri ya dakika 50. Aliyetoka leo saa kumi na moja alfajiri, kesho kutwa atatoka karibu saa moja. Hiyo, msomaji, ni hesabu kamili. Nimewaona watoto wa pwani wakiifanya kichwani, kisha darasani wakaitwa wazito wa hesabu! Sisi walimu tulikuwa na kitabu chenye mifano ya treni.

Elimu hiyo yahitaji mwamba wenye uhai. Uvuvi wa baruti ulikatazwa kwa sheria tangu mwaka 1970, lakini milipuko iliendelea kusikika pwani ya kusini kwa miongo kadhaa. Dema humnasa samaki aliyeingia. Baruti huua hata vichanga, huvunja matumbawe, na pweza akakosa shimo.

Msikiti Mkuu wa Kilwa nao umejengwa kwa mawe ya matumbawe. Akibomoa mtu ukuta wake mchana, kisiwa kizima kitapiga kelele. Tumbawe la baharini, ambalo aina nyingine haliongezeki zaidi ya sentimita moja kwa mwaka, huvunjwa pasipo shahidi.