Mji wa Unguja katika vitabu

Mji wa Unguja, makao makuu ya Zanzibar, ni miongoni mwa miji ya Afrika Mashariki iliyoandikwa sana. Makala hii inahusu vitabu vinavyosimulia maisha ya wakazi wake, hali zao na misukosuko ya siasa iliyowapitia, tangu zama za masultani hadi miaka iliyofuata Mapinduzi ya 1964. Wanahistoria wa mji huu wameandika zaidi kwa Kiingereza, wakitegemea majalada ya serikali, magazeti na masimulizi ya wazee. Watunzi wa riwaya wameandika zaidi kwa Kiswahili, na wao ndio waliomweka mchukuzi wa bandarini, mtumishi wa ndani na mwanamke wa Ng'ambo katikati ya hadithi. Kwa sababu hiyo msomaji wa Kiswahili ameijua historia ya watu wa kazi wa Unguja kupitia riwaya zaidi kuliko kupitia utafiti.

Mji Mkongwe na Ng'ambo

Vitabu hivi havieleweki vizuri bila kujua ramani ya mji. Upande wa magharibi ni rasi yenye nyumba za mawe, maduka, majumba ya watawala na ofisi za serikali: huo ndio Mji Mkongwe. Mashariki yake, kando ya pili ya mkono wa bahari uliokuwa ukijaa na kupwa, zilijengwa nyumba za udongo na makuti: huko ndiko Ng'ambo. Baada ya amri ya Aprili 1897 iliyoondoa hadhi ya kisheria ya utumwa, watu wengi walioachwa huru waliacha mashamba ya karafuu na kuhamia Ng'ambo, wakachanganyika na wageni kutoka Bara na Visiwa vya Ngazija. Mkono huo wa bahari ulifukiwa baadaye, ila daraja lililouvuka limebaki katika jina la Darajani.

Serikali ya kikoloni iliuona mgawanyiko huo kuwa wa kimaumbile na ikaupa nguvu ya sheria. Mpango wa mji uliotayarishwa na Mwingereza H. V. Lanchester mwaka 1923 ni mfano mmoja. Historia ya mipango hiyo, na jinsi ilivyokwama mara kwa mara mikononi mwa watumishi walewale walioibuni, imechambuliwa na William Bissell katika Urban Design, Chaos, and Colonial Power in Zanzibar (2011). Garth Myers, katika Verandahs of Power (2003), anamfuata afisa wa kikoloni Eric Dutton kutoka mji hadi mji na kuonyesha kwamba Waingereza walitaka kuipanga Ng'ambo bila kuwasikiliza waliokaa humo. Inafaa kusisitiza kwamba mpaka haukuwa mgumu kama ramani inavyoonyesha. Ndani ya Mji Mkongwe waliishi maskini wengi, na Ng'ambo ilikuwa na wenye nyumba na wenye mali. Riwaya bora za Unguja zinalijua jambo hili, ndiyo maana wahusika wake huvuka upande huu na ule kila siku, kwa miguu, kwenda kazini au kwa wapenzi wao.

Kutoka jumba la kifalme hadi nyimbo za Siti

Kitabu cha mwanzo mashuhuri kilichoandikwa na mtu wa Unguja kuhusu maisha ya huko ni kumbukumbu za Sayyida Salme, binti wa Sultani Said bin Sultan, aliyezaliwa Mtoni mwaka 1844 na kuondoka Zanzibar mwaka 1866. Huko Ujerumani alijulikana kwa jina la Emily Ruete, na kitabu chake kilichapishwa Berlin mwaka 1886. Ni hazina kwa anayetaka kujua malezi, mavazi, sherehe na fitina za ndani ya majumba. Kwa habari za wale waliobeba maji na kuni za majumba hayo hakitoshi, kwa kuwa mwandishi anautetea utumwa waziwazi na kuwatazama watumwa kwa jicho la mwenye nyumba.

Sauti ya upande wa pili ilihifadhiwa kwanza na nyimbo. Siti binti Saad, aliyezaliwa Fumba katika familia ya watu wa chini, alihamia mjini akawa mwimbaji wa taarabu aliyesikika mbali na Unguja. Mwaka 1928 alirekodi sahani za santuri Bombay. Shaaban Robert aliandika maisha yake katika Wasifu wa Siti binti Saad, kitabu kifupi kilichojaa heshima, ambacho hadi leo ni kielelezo cha uandishi wa wasifu kwa Kiswahili. Miongo kadhaa baadaye mwanahistoria Laura Fair alizichukua nyimbo hizo, pamoja na mavazi, mpira wa miguu na mgogoro wa kodi ya viwanja, akaandika Pastimes and Politics (2001). Katika mgogoro huo, uliopamba moto mwaka 1928, wapangaji wa Ng'ambo walikataa kuwalipa wenye ardhi kodi ya viwanja walivyojengea, na wanawake walikuwa mstari wa mbele. Fair anathibitisha jambo ambalo wanasiasa wengi wamelisahau: siasa za mji huu hazikuanza na vyama vya miaka ya 1950.

Mgomo wa 1948 na riwaya ya Kuli

Tukio lililozaa vitabu viwili vinavyopaswa kusomwa pamoja ni mgomo mkuu wa 1948. Mwaka uliotangulia wafanyakazi wa Mombasa walikuwa wamegoma mwezi Januari, na makuli wa Dar es Salaam wakafuata mwezi Septemba. Vita Kuu ya Pili ilikuwa imepandisha bei ya chakula na nguo, lakini mishahara ya bandarini haikupanda kwa kadiri hiyo. Tarehe 20 Agosti 1948 makuli wa Unguja waliweka chini magunia. Mgomo ukatoka gatini ukaingia mjini: watumishi wa majumbani, vibarua wa serikali na wafanyakazi wa kampuni nao wakaacha kazi, na shughuli za mji zikasimama hadi Septemba.

Anthony Clayton aliutafiti mgomo huo katika The 1948 Zanzibar General Strike, kitabu chembamba kilichochapishwa Uppsala mwaka 1976. Kinaeleza nani alizungumza na nani, serikali iliogopa nini, na kwa nini watu wa Bara walikuwa wengi miongoni mwa makuli na viongozi wao. Miaka mitatu baadaye Tanzania Publishing House ilichapisha Kuli (1979) ya Adam Shafi, mwandishi wa habari aliyezaliwa Unguja mwaka 1940. Mhusika mkuu, Rashidi, ni kijana wa familia ya kikuli anayeingia bandarini bila kujua kusoma wala kudai, na kidogo kidogo anapata fahamu ya haki yake hadi kusimama na wenzake katika mgomo.

Nguvu ya Kuli iko katika kazi yenyewe. Shafi anatuonyesha foleni ya alfajiri ya vibarua wanaosubiri kuchaguliwa, uzito wa gunia mgongoni, matusi ya wasimamizi, na familia inayolala njaa siku ambayo hakuna meli. Ripoti ya serikali huandika ajali ya bandarini kwa mstari mmoja. Riwaya inaingia hadi chumba cha mjane. Clayton hakuweza kufika huko, na hakukusudia. Kwa upande mwingine, riwaya imeandikwa kwa imani ya ujamaa ya miaka ya 1970, na imani hiyo inainyoosha hadithi. Makuli wa Shafi wanaelekea kwenye umoja kama mto unavyoelekea baharini, ilhali katika kitabu cha Clayton umoja huo una nyufa za kabila, asili na ajira. Mtu akiisoma riwaya peke yake atafikiri kwamba mshikamano wa 1948 uliongoza moja kwa moja kwenye mapinduzi. Akisoma utafiti peke yake atajua tarehe zote bila kufahamu kwa nini mtu mwenye watoto wenye njaa alikubali kukaa wiki nzima bila ujira.

Shafi alikuwa tayari amechapisha Kasri ya Mwinyi Fuad (1978), inayohusu bwana shamba na watumishi wake, naye Said Ahmed Mohamed akarudi kwenye dhiki ya watu wa kazi katika Dunia Mti Mkavu (1980).

Ndoa, chama na polisi

Vuta N'kuvute (1999) ndiyo riwaya ya Adam Shafi iliyokomaa kuliko zote. Yasmin, msichana wa Kihindi aliyeozwa kwa mzee Raza, anaikimbia ndoa, anakataliwa na jamaa zake na kupokewa Ng'ambo na rafiki yake Mwajuma. Huko anampenda Denge, kijana aliyesoma Urusi na anayesambaza maandishi yaliyopigwa marufuku, huku Inspekta Wright akimwinda. Hapa siasa haihubiriwi. Inaingia kwa mlango wa nyuma, pamoja na taarabu, umbea, uchovu na mapenzi, na msomaji anaona jinsi mpaka wa rangi ulivyokuwa mpaka wa kitanda na sahani ya chakula pia. Riwaya hii imesomwa katika shule za sekondari Tanzania, na filamu yake iliyoongozwa na Amil Shivji ilionyeshwa mwaka 2021 katika tamasha la filamu la Toronto.

Utengano (1980) ya Said Ahmed Mohamed inatazama upande mwingine wa mlango huohuo. Maksuudi ni mtu mwenye jina na tamaa ya uongozi. Nyumbani amemfungia binti yake Maimuna ndani kwa kisingizio cha heshima. Familia inapovunjika, Maimuna anatoka akiwa hajui lolote la dunia, na mji unampokea kwa vilabu vya pombe na wanaume wanaonunua. Riwaya hii, iliyosomwa miaka mingi na wanafunzi wa Kenya, inaunganisha dhuluma ya chumbani na dhuluma ya jukwaani kwa ukali ambao vitabu vya historia ya vyama havijaufikia. Kabla yake, Mohamed Suleiman Mohamed alikuwa ameandika Kiu (1972) na Nyota ya Rehema (1976), na Muhammed Said Abdulla hadithi za mpelelezi Bwana Msa, kuanzia Mzimu wa Watu wa Kale (1960).

Mapinduzi na ubishi wake

Kuhusu Mapinduzi ya tarehe 12 Januari 1964 vitabu havipatani, wala havitarajiwi kupatana karibuni. Michael Lofchie, katika Zanzibar: Background to Revolution (1965), alitilia mkazo vyama na mgawanyiko wa kijamii. John Okello, mmoja wa walioyaongoza Mapinduzi hayo, alijipa nafasi kubwa katika Revolution in Zanzibar (1967). Kitabu kilichohaririwa na Abdul Sheriff na Ed Ferguson, Zanzibar Under Colonial Rule (1991), kinatafuta mizizi katika uchumi na matabaka. Jonathon Glassman, katika War of Words, War of Stones (2011), anarudi kwenye magazeti ya wakati huo, kama Mwongozi na Afrika Kwetu, na kuonyesha jinsi maneno ya wasomi wa pande zote yalivyolea chuki iliyolipuka katika ghasia za Juni 1961, ambamo watu 68 walipoteza maisha. Kwa Kiswahili, Harith Ghassany alichapisha Kwaheri Ukoloni, Kwaheri Uhuru! (2010), akikusanya masimulizi ya walioshiriki na kudai kwamba mkono wa Bara ulikuwa mkubwa. Wapo wanaokipinga vikali, lakini kila anayekisoma anasikia sauti za watu ambao hawakuwahi kuulizwa.

Yaliyofuata yameandikwa zaidi na waliofungwa na waliohama. Haini (2003) ya Adam Shafi inahusu kamatakamata na mateso ya gerezani baada ya Rais Abeid Amani Karume kuuawa Kisiwandui tarehe 7 Aprili 1972. Mwandishi mwenyewe alikuwa miongoni mwa waliowekwa ndani. Abdulrazak Gurnah, mshindi wa Tuzo ya Nobel ya Fasihi ya mwaka 2021, ameirudia Unguja ya hofu na ya kuhama katika By the Sea (2001) na Gravel Heart (2017). Kitabu chake kimoja kinachopatikana kwa Kiswahili ni Peponi (2022), tafsiri ya Ida Hadjivayanis ya Paradise, lakini hicho kinahusu zama za nyuma zaidi na njia za misafara ya bara.

Kwa anayeanza, njia nzuri ni kusoma Kuli, kisha Clayton, kisha Vuta N'kuvute pamoja na kitabu cha Fair, na kuviacha vitabu vya Mapinduzi hadi awe ameshazijua sura za watu waliokuwa wakiishi mjini humo. Wachapishaji wa Dar es Salaam, Unguja na Nairobi nao wanaombwa kuwatafsiri Clayton, Fair na Glassman kwa Kiswahili, kwa sababu wajukuu wa makuli wa 1948 wapo na wana haki ya kuisoma habari ya babu zao katika lugha ambayo babu hao waliitumia walipogoma.